Kibarua wa serikali Kitengela: sheria inampa nini, na mlango wa kudumu uko wapi

Kila ninapoandika juu ya ajira, napata swali moja kutoka kwa ndugu zetu waliohamia bara, na siku hizi wengi wanaouliza wako Kitengela. Wanauliza hivi: nimefanya kazi ya serikali mwaka wa nne sasa, kila asubuhi naripoti, kila jioni naweka sahihi, lakini bado naitwa kibarua. Je, sheria hainifanyi niwe mwajiriwa wa kudumu mwenye pensheni?

Si ajabu swali hili kutoka Kitengela. Hesabu ya watu ya 2009 ilikuta watu 687,312 katika kaunti nzima ya Kajiado. Ile ya 2019 ikakuta 1,117,840, na mji wa Kitengela peke yake ulikuwa na watu zaidi ya 154,000. Mji ulioota kwa kasi hiyo unahitaji mtu wa kuzoa taka, wa kusoma mita ya maji, wa kukusanya ushuru sokoni, wa kusukuma machela hospitalini na wa kuandika mafaili ofisini. Hizo ni kazi za kila siku, na haziishi. Na kote nchini, kuanzia Kajiado hadi Kilifi na Kwale, ofisi za umma zimezoea kuzifanya kwa watu wa kuitwa kwa siku au wa mkataba wa miezi mitatu mitatu.

Nitajibu swali mapema ili msomaji asipotee njiani. Sheria ya Kenya inampa kibarua haki nyingi kuliko anavyodhani, tena upesi kuliko anavyodhani. Lakini haki hizo haziitwi ajira ya kudumu na pensheni. Hayo ni mambo mawili, yana milango miwili, na watu wengi wanapoteza kesi na miaka yao kwa kugonga mlango mmoja wakitaka kilicho nyuma ya mwingine.

Tuanze na neno lenyewe, kwa sababu ni letu. Kibarua ni barua ndogo, ile karatasi aliyopewa mtu wa kazi za kutwa ili ijulikane amefanya kazi na anadai ujira. Katika karne ya 19 Unguja na kwenye miji ya Pwani, walioitwa vibarua walikuwa hata watumwa waliokodishwa kwa siku, na sehemu ya ujira ikaenda kwa bwana zao. Tangu zamani, basi, neno hili limebeba maana ya mtu ambaye kazi yake inatakiwa ila mwenyewe hatambuliki. Sheria ya Ajira ya 2007, iliyoanza kutumika Juni 2008, ilijaribu kuikata maana hiyo.

Sheria hiyo inasema kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa kila siku na ambaye hakuajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Basi. Anayelipwa mwisho wa mwezi kupitia benki au simu, na kesho yake anajulikana atakuja, tayari haingii vizuri ndani ya maana hiyo, hata kama karatasi inamwita kibarua.

Kisha kinakuja kifungu cha 37, ambacho kila mfanyakazi wa muda angefaa kukijua kama anavyojua namba yake ya simu. Kinasema kibarua akifanya kazi kwa siku mfululizo ambazo jumla yake haipungui mwezi mmoja, au akifanya kazi ambayo kwa hali yake inachukua miezi 3 au zaidi, basi mkataba wake unahesabiwa kuwa wa mshahara wa mwezi. Siku moja ya mapumziko baada ya siku sita za kazi, pamoja na sikukuu, huhesabiwa ndani. Kwa hiyo hoja ya kwamba "Jumapili hukuja, kwa hivyo hesabu imekatika" haina mashiko. Na akiendelea kufanya kazi kwa miezi 2 au zaidi tangu siku aliyoanza, anastahili masharti yote ambayo sheria ingempa kama asingeanza kwa ukibarua.

Wazee wetu walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Kifungu hiki kinafuata mantiki hiyo hiyo: aliyekwisha pewa jembe na kulima shamba lako msimu mzima huwezi kuendelea kumhesabu mgeni.

Je, serikali nayo imo? Imo. Sheria yenyewe inasema wazi kwamba inaifunga serikali. Walioachwa nje ni wachache, kama vile majeshi, polisi, magereza na huduma ya vijana kwa taifa. Ofisi ya kaunti, kampuni ya maji ya umma na hospitali ya umma ziko ndani. Afisa anayemwambia mfagizi kwamba "sheria hiyo ni ya Wahindi na viwanda" hajaisoma.

Sasa, mtu aliyevuka daraja la kifungu cha 37 anapata nini? Anapata likizo ya siku 21 za kazi kwa kila mwaka, yenye malipo. Anapata siku za ugonjwa: 7 kwa mshahara kamili na 7 kwa nusu mshahara, baada ya miezi 2 ya kazi. Mama anapata likizo ya uzazi ya miezi 3, baba wiki 2. Huwezi kumwachisha kwa simu ya usiku. Anastahili notisi ya siku 28 au malipo yake. Ukimtuhumu kwa kosa au uzembe, lazima umweleze kwa lugha anayoielewa na umsikilize, naye akiwa na mwenzake au mwakilishi wa chama. Ukimfukuza bila sababu ya haki, mahakama inaweza kuamuru alipwe fidia ya hadi mishahara ya miezi 12. Na ikiwa hakuchangiwa NSSF wala mfuko mwingine wa uzeeni, anadai malipo ya utumishi kwa miaka aliyofanya.

Hayo ndiyo yaliyo nyuma ya mlango wa kwanza, na si madogo. Lakini angalia lisilokuwamo: neno "kudumu", neno "pensheni", na cheo kwenye orodha ya watumishi wa umma. Kifungu cha 37 kinabadilisha mkataba wa siku kuwa wa mwezi. Hakimpi mtu nafasi ambayo haikutangazwa.

Mlango wa pili unalindwa na Katiba. Kifungu cha 232 kinataka ajira za utumishi wa umma zifuate ushindani wa haki na sifa za mtu, na watu wa jamii zote wapewe nafasi sawa. Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 ikaunda Bodi ya Utumishi wa Umma katika kila kaunti, ikaiagiza itangaze nafasi hadharani na kuchuja waombaji. Mahakama ikimgeuza kila kibarua kuwa wa kudumu, mkubwa wa idara atawaingiza wapwa zake kwa vibarua Januari, na ifikapo Aprili wote wako kwenye pensheni bila tangazo hata moja.

Mpwani aliye Kitengela afikirie hapo kabla hajalaumu sheria. Yeye hana mjomba katika makao makuu ya kaunti kule mjini Kajiado. Tangazo la wazi ndilo mjomba wake. Sheria hiyo hiyo ya 2012 inataka angalau asilimia 30 ya nafasi za ngazi ya kuingilia zijazwe na watu wasiotoka katika jamii kubwa ya kaunti. Kwa mji kama Kitengela wenye watu wa kila kabila, kipengele hicho kina uzito. Na kinafanya kazi pale tu nafasi inapotangazwa. Kwenye ajira ya kuitana kwa simu hakuna asilimia 30 wala 3.

Hata hivyo, sikubali hoja hii itumiwe na serikali kama ngao. Sheria ya 2012 imeipa bodi ya kaunti kazi ya kusimamia uajiri wa watu wa mikataba, wa kujitolea na vibarua. Kama kazi ya kuzoa taka Kitengela ipo kila siku ya mwaka, na ilikuwapo mwaka jana na mwaka juzi, basi hiyo ni nafasi ya kazi, iwe imeandikwa kwenye orodha au haijaandikwa. Anayepaswa kuitangaza ni serikali. Serikali ikikaa bila kutangaza, kisha ikamwambia mfanyakazi "hukupitia ushindani", inamlaumu mtu kwa kutopita mlango ambao yenyewe imeufunga. Kifungu cha 41 cha Katiba kinampa kila mfanyakazi haki ya kutendewa sawa na kwa haki kazini, na hakikumtoa kibarua.

Kuna mtego mmoja wa kisheria ambao chanzo chake ni huku kwetu, na sasa unawafuata wafanyakazi wa nchi nzima. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa iliamua kesi ya kampuni ya chumvi ya Krystalline dhidi ya wafanyakazi 68. Mashamba ya chumvi ya Magarini, Kilifi, tunayajua. Mahakama ikaeleza kwamba sheria inatambua aina nne za mikataba: ya kibarua, ya kazi ya kipande, ya muda maalumu na ya muda usiotajwa. Kifungu cha 37, ikasema, kinamhusu kibarua. Anayelipwa kwa kipande, yaani kwa kiasi cha kazi aliyomaliza, hakimgeuzi. Na anayedai kwamba alifanya kazi mfululizo ndiye mwenye kuthibitisha.

Matokeo yake ni makubwa. Mzoa taka wa Kitengela anayelipwa kwa kila tripu ya mkokoteni, au msoma mita anayelipwa kwa idadi ya nyumba, anaweza kuambiwa na wakili wa mwajiri kwamba yuko upande ule wa wavuna chumvi. Kwa hiyo unapopewa kazi, angalia unalipwa kwa siku, kwa mwezi au kwa kipande. Namna ya malipo ndiyo itakayoamua uko chini ya kifungu gani.

Mtego wa pili ni wa mikataba mifupi inayofuatana. Wengi huamini kwamba mkataba ukishaongezwa mara tatu, wa nne ni haki. Mahakama zetu zimesema mara nyingi kwamba mkataba wa muda maalumu huisha siku iliyoandikwa, na kutarajia kuongezewa hakutoshi. Lazima mwajiri awe ametoa ahadi iliyo wazi, kwa maandishi au kwa matendo yanayoweza kuthibitishwa. Kauli ya msimamizi kwamba "nyinyi tulieni, mambo yenu yanashughulikiwa" ni vigumu kuitegemea mbele ya jaji.

Basi watu huvukaje kwenda kudumu? Tazama yaliyotokea kitaifa. Walimu wa sekondari ya msingi 46,000, ambao magazeti yaliwaita walimu vibarua, walikuwa wakilipwa Sh20,000 kwa mwezi kwa jina la mafunzo, ilhali walikuwa walimu waliosajiliwa na wenye madarasa kamili. Aprili 2024 Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ikaamua kwamba Tume ya Huduma za Walimu ilikiuka haki zao kwa kuwaajiri hivyo. Tume ikakata rufaa. Mei walimu wakagoma. Kilichowapeleka kwenye ajira ya kudumu kuanzia Januari 2025 ni fedha zilizotengwa kwenye bajeti. Hukumu ilitia nguvu madai, mgomo ukatia haraka, na bajeti ndiyo iliyotoa barua.

Wahudumu wa afya walioajiriwa 2020 chini ya mpango wa Afya kwa Wote nao walipewa mikataba ya miaka 3. Waliingia kazini wakati wa korona, wakati wengine tukiogopa hata kupita karibu na hospitali. Mwaka 2025 walikuwa wamepiga kambi nje ya Afya House, Nairobi, wakidai ajira ya kudumu, huku serikali kuu na kaunti zikivutana juu ya nani atawalipa. Hospitali ya kaunti Kajiado na za kwetu Pwani zote ziko ndani ya mvutano wa namna hiyo, kwa sababu tangu 2013 wahudumu wengi wa afya wako chini ya kaunti, na fedha nyingi ziko Nairobi.

Hapo tunafika kwenye mfuko. Kanuni za fedha za kaunti za 2015 zinasema mishahara isizidi asilimia 35 ya mapato yote ya kaunti. Ripoti za Mkaguzi Mkuu wa Hesabu zimezitaja kaunti nyingi zilizopita kiwango hicho. Magavana hutumia namba hiyo kujibu kila anayedai kuthibitishwa kazini. Kuna ukweli ndani yake: kaunti zilizaliwa 2013 zikiwa zimerithi wafanyakazi wa mabaraza ya zamani, na kwa Kitengela hilo lilikuwa Baraza la Kaunti la Olkejuado, pamoja na watumishi waliotoka wizarani. Lakini kibarua naye hulipwa kwa fedha za umma. Kumlipa kutoka fungu jingine, lenye jina la usafi au ukarabati, hakupunguzi matumizi hata shilingi. Kunaficha tu. Bajeti inayosema ukweli ingeandika kazi hizo mahali pake, ili wananchi na wawakilishi wa wadi waone ni watu wangapi wanaoendesha mji na kwa masharti gani.

Majirani zetu wamejaribu njia nyingine. Uganda, katika kanuni zake za ajira za 2011, imesema mtu asiwekwe kwenye ukibarua kwa zaidi ya miezi 4. Baada ya hapo anastahili mkataba wa maandishi. Afrika Kusini, tangu sheria yake iliporekebishwa, mfanyakazi wa kipato cha chini akiwekwa kwenye mkataba wa muda kwa zaidi ya miezi 3, mwajiri lazima aonyeshe sababu ya maana, la sivyo mkataba unahesabiwa hauna mwisho. Kwetu mzigo uko upande wa mfanyakazi, athibitishe kwamba alikuwapo. Ningependa wabunge wetu wauhamishe: ofisi ya umma inayotumia mtu wa muda zaidi ya mwaka kwa kazi ileile ieleze kwa maandishi kwa nini nafasi haijatangazwa, na itakapoitangaza, miaka aliyofanya mtu huyo ihesabiwe kama sifa. Hapo ushindani unabaki, na jasho la mtu halipotei.

Sheria ikingojewa, kuna mambo ambayo aliye Kitengela, au Likoni, au Msambweni, anaweza kuyafanya wiki hii.

Kwanza, weka ushahidi. Piga picha daftari la mahudhurio unapoweka sahihi. Hifadhi jumbe za malipo za simu, barua, kadi ya kazi, hata ujumbe wa msimamizi kwenye kikundi cha WhatsApp akikupangia zamu. Angalia akaunti yako ya NSSF uone nani aliyekuchangia na tangu lini. Sheria inamtaka mwajiri amwandikie mkataba anayefanya kazi miezi 3 au zaidi. Akishindwa kuonyesha maandishi hayo mahakamani, ni juu yake kuthibitisha masharti anayodai, na picha zako zitamweka pabaya.

Pili, dai kilicho chako sasa. Andika barua ya kuomba likizo, na ubaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Barua ya heshima ya kuomba likizo ni ushahidi kwamba ulijiona, nao walikuona, mfanyakazi.

Tatu, angalia saa. Madai ya ajira yana mwisho wa miaka 3 tangu haki ivunjwe. Nimeona watu wakingoja ahadi ya mheshimiwa mpaka miaka hiyo ikapita, na hakuna jaji anayeweza kuwarudishia. Uamuzi wa bodi ya kaunti hukatiwa rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90, na Mahakama ya Rufaa ilishasema 2017 kwamba hatua hiyo isirukwe. Anayekimbilia kortini kabla ya kuipitia anaweza kurudishwa bila kusikilizwa.

Nne, si kila kesi ni ya Milimani. Tangu 2018, mahakimu wa cheo cha Hakimu Mkazi Mwandamizi na zaidi wanaweza kusikiliza migogoro ya ajira ya anayelipwa hadi Sh80,000 kwa mwezi. Vibarua wote wamo humo. Afisa wa kazi naye anaweza kupokea malalamiko bila malipo ya wakili. Na mwende pamoja: mmoja akilalamika huachwa nje ya orodha ya kesho, arobaini wakilalamika huitwa kikao.

Tano, soma matangazo ya bodi. Siku nafasi inapotangazwa, aliyefanya kazi ile miaka minne asiikose kwa kukosa cheti cha mwenendo mwema au kwa kudhani atapita bila kuomba.

Uchaguzi wa 2027 hauko mbali, na kuthibitishwa kazini ni ahadi ambayo haimgharimu chochote anayeitoa jukwaani. Mgombea akija Kitengela au Kisauni na ahadi hiyo, aulizwe maswali matatu: nafasi ngapi, zimo kwenye bajeti ya mwaka gani, na bodi itazitangaza mwezi gani. Akiwa na majibu, yaandikwe yabaki. Akiwa hana, aliyemsikiliza arudi kwenye daftari lake la mahudhurio, kwa sababu hilo lina tarehe, na tarehe ndizo mahakama inazosoma.